Kiti cha Anayehojiwa

Kati ya mwaka 1959 na 1962, BBC ilirusha mahojiano ya watu mashuhuri ambamo sura ya mhojaji ilikuwa karibu haionekani. Kipindi kiliitwa Face to Face. Mhojaji, John Freeman, aliketi akiipa kamera kisogo, na mtazamaji akaambulia bega lake, ukingo wa sikio na sauti yake tulivu isiyopanda. Freeman hakuwa mtu wa kujificha. Alikuwa amekwisha kuwa mbunge wa chama cha Labour na naibu waziri, akajiuzulu mwaka 1951 kwa jambo aliloliamini, kwa hiyo kusimama mbele za watu alikuzoea. Hata hivyo yeye na mtayarishaji wake, Hugh Burnett, waliamua kwamba kamera zitakuwa na kazi moja: kumtazama mgeni. Nyuma ya mgeni palikuwa na giza. Uso ulisogezwa karibu mpaka mtazamaji akaona mkunjo wa kope na jasho juu ya mdomo.

Kabla ya uso wenyewe kuonekana, ilitangulia michoro. Feliks Topolski, mchoraji mzaliwa wa Warsaw aliyehamia Uingereza mwaka 1935, aliwachora wageni kwa mistari ya haraka, iliyopishana na kurudiana, na michoro hiyo ilipita kwenye kioo wakati kipindi kinaanza. Naona utaratibu huo ulikuwa na hekima kubwa. Mtazamaji aliyeketi sebuleni kwake alifundishwa kwanza jinsi mkono wa mchoraji unavyoitafuta pua, unavyolikosa shavu na kulirudia, ndipo akaachiwa uso hai autafute kwa macho yake mwenyewe.

Mwaka 1961 kiti kile alikikalia Jomo Kenyatta. Alikuwa ameachiwa Agosti ya mwaka huohuo, baada ya karibu miaka tisa ya kifungo na kizuizi. Mwaka mmoja nyuma, Gavana wa Kenya Patrick Renison alikuwa amemtangaza kuwa kiongozi wa kuwapeleka watu gizani na mautini, na Waingereza wengi walimjua kwa maneno hayo na kwa picha za magazeti tu. Sasa uso wake ukawa mbele yao, mkubwa kuliko kioo kilivyozoea kubeba, ukiulizwa na ukijibu. Nchini Kenya kwenyewe wakati huo hapakuwa na televisheni. Ilianza mwaka 1962, na Uganda ikafuata mwaka 1963. Picha ya namna hiyo ya mtu wetu ilitengenezwa kwa ajili ya macho ya wengine.

Sisi wa huku Rungwe tulichelewa zaidi. Zanzibar ilipata televisheni yake mwaka 1973, tena ya rangi, lakini Tanzania Bara ilikaa bila kituo cha televisheni mpaka mwaka 1994. Kwa wazee wa kijiji chetu cha Matwebe, mtu mashuhuri alikuwa sauti. Mwalimu Nyerere walimjua kwa namna alivyovuta pumzi na kucheka ndani ya redio, kupitia Radio Tanzania Dar es Salaam. Sura za wazazi wao wenyewe hawanazo, au wanayo picha moja iliyofifia, imesimamishwa mbele ya pazia la studio fulani mjini. Ndiyo maana kazi niliyoiona Matwebe naichukulia kwa uzito, ingawa haikuwa na studio wala kituo cha kuirusha.

Aliyeifanya ni dada mmoja wa Tukuyu mjini anayeishi kwa kupiga picha za harusi na send-off. Siku ambazo hakuna harusi hupokea kazi nyingine: watoto walioko Mbeya au Dar es Salaam humwomba aende kijijini akamrekodi mama au babu yao akizungumza. Mahojiano ya zamani ameyatazama kwenye simu, usiku, kipande baada ya kipande, ya Freeman na ya wengine. Safari hii alikwenda kwa bibi mmoja aliyezeeka katika migomba yake, na akaniruhusu nikae pembeni kwa sharti la kutotikisa kiti.

Alipofika hakufungua begi. Liliachwa mlangoni, na yeye akapiga goti, akasema "Shikamoo, Bibi," akangoja "Marahaba, mjukuu wangu" itimie yote. Kisha wakaendelea kwa Kinyakyusa: habari za mvua, za ndizi, za aliyefiwa mwezi uliopita. Akaletewa chai, akanywa. Akapewa kisu, akamenya ndizi pamoja na wajukuu. Ilipita saa nzima na zaidi bila kamera kutajwa. Mimi nilidhani ni adabu ya kawaida ya ugenini, na kweli ilikuwa adabu, lakini baadaye alinieleza alichokuwa akikitazama. Aliona kwamba Bibi humgeukia msemaji kwa upande wa kulia, kwa sababu sikio la kushoto limechoka. Aliona kwamba akisimulia hutumia mkono mmoja na mwingine huulaza pajani. Aliona kwamba jua la mlangoni linamfanya akunje uso. Mambo hayo matatu yaliamua mahali pa kiti, mahali pa kamera na mahali ambapo yeye mwenyewe angeketi.

Alianza na kiti. Sebuleni palikuwa na makochi yenye vitambaa vya kufuma, na wenye nyumba walikuwa wamekwisha kuyapanga kwa heshima ya mgeni. Aliyasifia, kisha akaomba kiti cha mbao cha jikoni. Kochi humeza mtu: mabega huzama, kidevu hushuka, shingo hupotea, na sauti hutoka imebanwa. Kiti cha mbao kisicho na mikono humwacha mtu akae alivyo. Alikiweka mbali na ukuta, hatua mbili kubwa, kivuli cha Bibi kisije kikaangukia nyuma yake. Ukutani akatundika blanketi la rangi ya kahawia iliyokolea, akalibana kwa misumari iliyokuwapo na kamba, akilivuta mpaka mikunjo ikaisha.

Kisha mwanga. Huku kwetu mwanga wa mchana una rangi. Ukiingia ndani kupitia migomba huja na ukijani, na ukijani huo ukikaa kwenye shavu la mzee humfanya aonekane mgonjwa. Mpiga picha alitoka nje, akatundika shuka jeupe kwenye kamba ya kuanikia nguo, kati ya mlango na migomba. Alirudi, akaketi mwenyewe kwenye kiti, akamwomba mjukuu ashike simu na kumpiga picha. Akatazama. Akatoka tena, akalisogeza shuka. Alifanya hivyo mara kadhaa, bila kuonyesha kuchoka, na kila mara tofauti ilikuwa ndogo mpaka mimi sikuiona. Upande wa pili wa uso hakuweka taa. Alisimamisha kipande cha bango jeupe chini, karibu na goti, kiurudishe mwanga kidogo tu, macho yasiingie gizani. Taa anayo, na betri ilikuwa imejaa, lakini aliiacha ndani ya begi.

Nilimuuliza kwa nini. Alisema taa kali inauliza maswali kabla yake. Nilikumbuka Mike Wallace wa New York, ambaye mwaka 1956, katika kipindi cha Night Beat, alitumia mandharinyuma meusi, mwanga mkali na kamera iliyokaribia kabisa, na akavitumia kumbana mgeni mpaka aseme. Vifaa vya Burnett havikuwa mbali sana na vile. Giza lilelile, ukaribu uleule. Kilichotofautiana ni kwamba kwa Freeman ukaribu ulikuwa njia ya kusikiliza, na nadhani mtu akiviweka vipindi hivyo viwili pamoja ataiona tofauti hiyo hata akizima sauti.

Kamera ilisimamishwa kwenye stendi, urefu wa macho ya Bibi, si juu yake wala chini yake. Ilikaa mbali kuliko nilivyotarajia, karibu na mlango wa chumba cha pili, ikiwa na lenzi iliyovutwa mpaka milimita 85. Ukiwa na lenzi fupi na ukasogea karibu, pua hukua na masikio hurudi nyuma. Lenzi ndefu kutoka mbali huacha uso ukae kwa vipimo vyake, tena humwondolea mzee hofu ya kifaa kilichomsogelea puani. Watu wa studio za miaka ya hamsini walikuwa na kamera nzito zenye lenzi kadhaa kwenye kisahani kilichozungushwa mbele, na kubadili ukubwa wa uso ilikuwa kazi ya mikono miwili. Dada huyu anabadili kwa kidole. Bado alichagua ukubwa mmoja, kuanzia paji la uso mpaka chini kidogo ya mfupa wa shingo, akafunga stendi, akaondoa mkono.

Kipaza sauti kidogo kilimpa taabu zaidi kuliko vyote. Kanga husugua. Kila Bibi alipogeuka, ukwaruzo wake ulisikika kwenye visikilizio. Alikihamisha kutoka begani hadi kwenye blauzi, ndani ya pindo, akakifungia kipande cha tepu ya kitambaa juu na kingine chini, waya akaupitisha nyuma. Kuvaa huko alimwachia mjukuu wa kike amsaidie bibi yake, yeye akielekeza kwa maneno. Akaomba redio ya jirani izimwe kwa muda, na kijana akatumwa kwa heshima kwenda kuomba. Kuku wakafukuzwa mpaka nyuma ya jiko. Simu zetu zote zikazimwa. Kisha akasema tunyamaze, akarekodi ukimya wa chumba kwa nusu dakika, ili baadaye apate cha kujazia mahali pa kukata. Sikujua kwamba chumba kitupu kina sauti yake. Nilivaa visikilizio, nikasikia bati likitanuka kwa joto.

Mwishoni alilipanga jambo moja ambalo Freeman hakulihitaji. Mazungumzo yetu hujengwa na kuitikia. Anayesikiliza husema "ehee", "naam", "enhe, ikawaje?", na msimuliaji huitegemea sauti hiyo ili aende mbele. Asipoisikia hudhani amechosha. Lakini kila "ehee" ya mhojaji ikiingia juu ya neno la Bibi, neno hilo limeharibika. Basi alimweleza mapema: "Bibi, leo sitaitikia kwa mdomo. Nitaitikia kwa macho na kichwa. Usidhani nimelala." Bibi alicheka. Wakafanya majaribio kidogo, Bibi akisimulia jinsi ya kuchagua mche wa mgomba, naye akiitikia kimya, kwa nyusi, kwa kidevu, kwa kuinama mbele. Aliketi kushoto kwa kamera, bega lake likiigusa, upande wa sikio zuri, ili macho ya Bibi yaelekee kwake na wakati huohuo yawe karibu na lenzi.

Jaribio hilo ndilo lililogeuka kuwa mahojiano. Taa nyekundu ilikuwa imewaka tangu mwanzo, kwa idhini ya Bibi, na hapakuwa na "haya sasa tunaanza". Swali la kwanza halikuwa historia ya maisha. Mzee akiambiwa asimulie historia yake hukaa wima na kuanza kutoa hotuba, tarehe na majina ya watoto. Yeye aliuliza mambo ambayo mikono inayajua. Mche unauchimbua kwa jembe gani? Shimo unaliacha wazi siku ngapi? Nani alikuonyesha? Kwenye "nani" hapo Bibi alinyamaza. Swali lilikuwa na maneno mawili tu.

Ukimya ulikuwa mrefu. Mimi nilishaanza kutafuta neno la kumsaidia Bibi. Mpiga picha hakusogea. Uso wake ulibaki wazi, bila kuhimiza wala kuomba, kana kwamba ukimya nao ni sehemu ya jibu na ana muda wa kuusikiliza wote. Bibi alitazama chini, akatazama mkono wake wa kulia, akaugeuza, akasema ni dada yake mkubwa. Akanyamaza tena. Kisha akasema mambo ambayo, baadaye, mwanawe alisema hakuwahi kuyasikia, na ambayo si yangu kuyaandika hapa.

Hapo ndipo nilipouona ufundi wenyewe. Mtu mwingine yeyote mwenye kamera angesogeza lenzi karibu, akafuate chozi. Kidole cha dada huyu kilikuwa inchi chache tu kutoka kwenye pete ya lenzi, nacho hakikwenda. Picha ilibaki ukubwa uleule iliokuwa nao wakati wa habari za majembe. Mwaka 1960 Freeman alimhoji Gilbert Harding, mtangazaji aliyejulikana kwa ukali wake, na maswali yakafika kwenye kifo; Harding alizidiwa, machozi yakamlenga mbele ya taifa, na miezi michache baadaye akafariki. Watu wamebishana tangu wakati huo kama swali lile lilistahili kuulizwa. Mimi sina haja ya kumhukumu Freeman. Nasema tu kwamba dada huyu ameitazama sehemu ile mara nyingi, na alichojifunza ni pa kusimama. Alimuuliza Bibi kwa sauti ya chini kama wapumzike. Bibi akasema hapana, akaendelea mwenyewe.

Mvua ikaja. Anayeijua Rungwe anajua kwamba mvua yetu haiombi nafasi, na nyumba ya bati ikianza kupigwa, watu wawili waliokaribiana hulazimika kupaza sauti. Alizima kamera, akaifunika kwa kanga, akaiacha kwenye stendi bila kuisogeza hata kidogo. Alama za miguu ya kiti alizichora kwa chaki sakafuni. Wakakaa kwa muda mrefu wakipukuchua maharage. Hakuuliza chochote kilichohusu kazi, kwa sababu jambo zuri likisemwa wakati kamera imezimwa, mzee atakapoombwa alirudie atalirudia kama mtu anayesoma.

Mvua ilipopungua, mwanga ulikuwa umebadilika, umekuwa wa kijivu na laini. Shuka la nje lilikuwa limelowa na kuwa zito. Alilitoa kabisa, kwa kuwa mawingu yalikwisha kufanya kazi yake, akapima uso upya, akasogeza bango kidogo. Wala hakurudi kwenye habari za yule dada wa Bibi. Alianzisha nyingine, ya soko na ya barabara ilivyokuwa, ili atakapokata, tofauti ya mwanga ienee sehemu nzima, isitokee katikati ya sentensi. Bibi alikuwa amechangamka, akasimulia kwa mkono ule mmoja, na mara mbili akacheka mpaka kiti kikalia.

Nimewahi kusoma kwamba Edward R. Murrow, katika Person to Person ya CBS iliyoanza mwaka 1953, alibaki studio New York akiwahoji watu waliokuwa nyumbani kwao, kamera na mafundi wakiwa wamejaa sebuleni kwa mgeni na yeye hayupo. Lilikuwa jambo kubwa la ufundi kwa wakati wake. Lakini Matwebe niliona faida ya mhojaji kuwapo kwa mwili wake, kunuka moshi wa jiko lilelile, kula ndizi zilezile. Miaka ya 1930 Monica Wilson na mumewe Godfrey waliishi miongoni mwa Wanyakyusa kwa muda mrefu wakisikiliza, na kutokana na usikilizaji huo kikapatikana kitabu Good Company mwaka 1951. Wao walikuwa na daftari. Kinachohitajika kwenye kiti cha mhojaji kinafanana.

Kazi ya kuhariri ilifanyika Tukuyu, kwenye chumba chenye dirisha lililozibwa kwa pazia zito. Nilimkuta akisikiliza bila kutazama. Mara ya kwanza husikiliza tu, akiandika dakika kwenye daftari. Mara ya pili hutazama bila sauti. Baada ya hapo ndipo hukata, naye huchagua kama mchumaji mzuri wa chai anavyochuma majani mawili na kichipukizi, akiliacha jani gumu hata kama ni kubwa. Maswali yake mwenyewe aliyatoa karibu yote. Pale ambapo jibu halikueleweka bila swali, aliliacha, la maneno mawili. Ukimya wa Bibi hakuugusa. Nilimshuhudia akijaribu kuufupisha kwa sekunde tatu, akatazama, akaurudisha wote, kwa sababu ukifupishwa jibu lilionekana rahisi, na halikuwa rahisi.

Mwanzoni aliweka ile picha moja ya zamani iliyokuwapo nyumbani, Bibi akiwa msichana mbele ya pazia la studio, ikae peke yake kwa muda wa kutosha kabla uso wa leo haujaja. Aliipiga picha hiyo palepale kwenye fremu yake, kioo kikiwa kimetolewa ili kisirudishe mwanga. Sikumuuliza kama alikuwa akiwaza michoro ya Topolski.

Nakala alizitoa kwenye flashi, moja kwa kila mtoto na moja kwa Bibi mwenyewe, ambaye hana kompyuta lakini aliitaka. Juu ya kila moja aliandika kwa kalamu jina, kijiji, tarehe na lugha iliyozungumzwa, na picha ambayo haikukatwa aliihifadhi nzima kwenye diski mbili tofauti, maana vifaa hivi hufa. Kazi inayofuata ni ya mzee mwenye nyumba yenye dirisha kubwa la magharibi. Ameshakwenda kuitazama saa kumi jioni, akasema atahitaji blanketi la pili.